Usichague kimoja, mdogo wangu

Umesema upo Chake Chake, unapenda bailojia na kuchora, na nyumbani wanakwambia uchague kimoja. Usichague! Kuna David Goodsell kule Marekani, mwanasayansi wa molekuli na anachora seli kwa rangi za maji, 2020 kachora kirusi cha korona na watu wakakiona.

Wewe anza na kichocho, ugonjwa unaopitia kwa konokono wa majini, si kipo hapo hapo Pemba. Mie niliwahi kuchora bango la skuli nikamchora konokono mkubwa akajaa karatasi nzima, basi watoto wakawa wanakimbia koa wa shambani na mtoni wanaoga kama kawaida, iliniuma sana. Konokono mchore kwa saizi yake, mdogo kama punje ya hindi, kaganda kwenye jani pembeni ya mguu wa mtoto, halafu onyesha mkojo unaingia mtoni, yai linapasuka, kijidudu kinamuingia konokono, kinazaana, wanatoka wengi wanatoboa ngozi ya mtu. Nenda maabara ya Ivo de Carneri pale Wawi uombe kuchungulia darubini. Rasimu mpe mama anaefua mtoni akueleze anaona nini, akikwama futa. Na mtu akikupa kazi ya kuchora, pesa mkubaliane kabla hujashika penseli, pamoja na marekebisho mangapi.