Mkuu, kabla hujamwekea kijana wako magoli ya Vittek, soma hapa

Usifanye hivyo. Nimesoma uzi wako asubuhi, chai imepoa mkononi.

Unasema una straika wa miaka 16, mrefu, anapiga miguu yote miwili. Umeshapakua vipande kumi na viwili vya magoli ya Róbert Vittek wa Slovakia, na unataka kumkalisha kila Jumamosi avitazame "mpaka vimuingie". Kisha unatuuliza tukuongezee vingine, tukutajie klabu alizochezea, bei alizouzwa, na kama kwao mkubwa ni yeye au kiungo wao Marek Hamšík. Ya klabu nitakugusia. Hili la vipande, mimi nimelifanya mwaka 2010, kwa mchezaji yuleyule unayemtaja wewe, na aliyelipa ni mtoto wa watu.

Nilikuwa nafundisha timu ya vijana, mchangani kabisa, magoli ya miti. Kombe la Dunia tulilitazama kwenye kibanda umiza. Tarehe 24 Juni, saa 11 jioni kwa saa zetu, Slovakia na Italia pale Ellis Park, Johannesburg. Italia ndio mabingwa watetezi. Slovakia ndiyo mara yao ya kwanza kucheza Kombe la Dunia wakiwa nchi yao wenyewe. Walikuwa wametoka sare ya 1-1 na New Zealand, kisha wakafungwa 2-0 na Paraguay, kwa hiyo mle ndani hakuna aliyewapa nafasi. Dakika ya 25 De Rossi, kiungo wa Italia, anatoa pasi mbovu, Kucka wa Slovakia anainasa, anampa Vittek, huyo anaachia shuti la chini kutoka ukingoni mwa kumi na nane, kipa Marchetti anaruka hapati kitu. Dakika ya 73 Hamšík anamimina krosi kutoka kulia, Vittek anachomoka mbele ya beki Chiellini pale mlingoti wa karibu, la pili. Mechi ikaisha 3-2, Italia wakarudi nyumbani wakiwa wa mwisho kwenye kundi. Kibanda kilikuwa kinatikisika.

Nikatoka pale nimeshaamua: kijana wangu namba tisa atacheza kama huyu. Naye alikuwa mrefu, mkimya, ana njaa ya goli. Nitamwita Ngongoti, maana ndilo jina tulilompa uwanjani.

Sasa hapa ndipo alipoingia mkufunzi mmoja wa kozi fupi niliyokuwa nimehudhuria, na mpaka leo nikimkumbuka damu inachemka. Mtu mzima, filimbi shingoni, vyeti ukutani. Alituambia kwa sauti ya uhakika kabisa: "Straika hahitaji maelezo, anahitaji kuona magoli. Mwonyeshe magoli mia kwa wiki, mwili utaiga wenyewe." Na kwa bahati nzuri kwake, alikuwa na sidii za magoli mia, shilingi 5,000 kila moja. Nilinunua tatu. Asije mtu hapa kusema ningejiongeza. Tulikuwa walimu ishirini na kitu kwenye lile darasa na wote tulipanga foleni. Namlaumu yeye kwa sababu alijua, au alipaswa kujua, kwamba anatuuzia mwisho wa hadithi bila mwanzo wake. Nasikia siku hizi anauza kwenye flashi.

Basi nikaanza. Jumamosi baada ya mazoezi Ngongoti anakuja kwangu, tunakaa kwenye mkeka, tunaweka sidii. Lile goli la dakika ya 73 alilipenda kuliko yote. Alilirudia mpaka mama watoto akalijua kwa moyo. Mpira unatoka kulia, mtu yupo mlingoti wa karibu, nyavu. Kipande chenyewe sekunde kama nane.

Baada ya mwezi mmoja nikaona kitu uwanjani nikakifurahia, mjinga wa mwisho: Ngongoti yupo mlingoti wa karibu. Mpira uko kwetu, yupo pale. Mpira uko kati, yupo pale. Tunashambuliwa, yupo pale, anasubiri. Ardhi ile karibu na mti wa goli ilichimbika, pakawa na kishimo cha vumbi kama kuku amelala akajitifulia. Nilikiona kile kishimo kwa macho yangu wiki baada ya wiki, na nikadhani ni alama ya bidii.

Kisha wakaja watu wa timu ya daraja la juu kutazama vijana. Wawili, na kofia zao, wakakaa upande wa mwembe. Kijana alicheza dakika 70. Mpira aliugusa mara chache sana, na karibu zote mgongo wake ukiwa umeelekea goli na beki amemlalia. Beki wao wa kati hakuwa na kazi siku ile, alijua mtu wake alipo hata akifumba macho. Mmoja wa wale wageni aliniuliza maneno haya tu: "Mwalimu, huyu kijana ni mgonjwa? Mbona hatembei?" Wakamchukua winga wetu. Ngongoti alivua daluga pale pale, akazifunga kamba pamoja, akanikabidhi. Zilikuwa za timu. Hakurudi tena mazoezini. Nilimfuata nyumbani mara mbili, mara ya pili mama yake akaniambia kwa upole, mwalimu, mwache.

Miaka kama mitatu baadaye rafiki yangu akanipa mechi ile ya Italia nzima kwenye flashi. Nikaitazama peke yangu usiku, na kwa mara ya kwanza sikufuata mpira. Nilimfuata Vittek. Mkuu, ni mechi nyingine kabisa. Lile goli la dakika ya 73 halianzii mlingoti wa karibu. Mtu yuko nyuma ya Chiellini, Chiellini anamwangalia Hamšík, na pale Hamšík anapojiandaa kupiga ndipo Vittek anapoiba hatua na kukata mbele. Anafika mlingotini pamoja na mpira. Angekuwa amesimama pale tangu mwanzo, beki wa aina ya Chiellini angemkumbatia kama mdogo wake. Na lile la kwanza vilevile: kipande kinaanzia pasi mbovu ya De Rossi, hakikuonyeshi jinsi Slovakia walivyowabana Italia juu kwa juu tangu kipenga cha kwanza mpaka watu wazima wakaanza kupoteza mipira. Niliweka daftari pembeni, nikawa nasimamisha kila kamera inapopanuka, nachora alipo. Nilipomaliza, kurasa zilikuwa zimejaa alama, na hakuna mahali alipokaa muda mrefu. Nilizima tivii nikakaa gizani.

Kwa hiyo kanuni yangu ni moja tu na nitaisema kila uzi wa washambuliaji utakapofunguliwa humu: mtazame mchezaji dakika 90, macho kwake, mpira uache uende zake.

Ukitaka ushahidi zaidi kwa Vittek huyohuyo, nenda Ujerumani. Alizaliwa Bratislava mwaka 1982, akakulia klabu ya Slovan Bratislava, mwaka 2003 akaenda Nürnberg ya Ujerumani. Mwaka huohuo akafika Mslovakia mwenzake Marek Mintál, ambaye ni kiungo. Timu ikapanda daraja 2004, na msimu wa 2004/05 mfungaji bora wa Bundesliga yote, ligi kuu ya Ujerumani, akawa Mintál, kiungo, magoli 24. Msimu uliofuata Mintál akaandamwa na majeraha, Vittek akamaliza na magoli 16. Mtu wa vipande atakwambia Vittek alijifunza kufunga ghafla kiangazi kile. Mimi nasema kazi ilibadilika: mwanzo alikuwa anawaburuza mabeki ili mwenzake apite, kisha ikabidi apite yeye. Ile kazi ya kuburuza mabeki haipo kwenye kipande chochote cha magoli duniani, kwa sababu goli linaandikwa jina la mwingine. Kijana wako ataijulia wapi?

Baadaye Nürnberg walichukua Kombe la Ujerumani 2007, mwaka mmoja mbele wakashuka daraja, yeye akaenda Lille, Ufaransa. Huko hakuwaka, akapelekwa Uturuki kwa mkopo, Ankaragücü. Kwa hiyo mtu aliyeilaza Italia alikwenda Afrika Kusini akiwa mchezaji ambaye klabu yake haikumhitaji. Mwisho wa mashindano alikuwa na magoli manne kati ya matano yote ya Slovakia: moja la kichwa kwa krosi ya mwenzake Šesták dhidi ya New Zealand, ambalo marudio yalionyesha kama ameotea, mawili ya Italia, na penalti ya dakika za nyongeza Durban walipofungwa 2-1 na Uholanzi. Timu ya taifa alimaliza na mechi 82 na magoli 23. Hamšík alikuja kumpita, akafika 26.

Nimeona kuna aliyekujibu hapo juu kwamba vipande "havina madhara, ni hamasa tu". Huyo hajawahi kukabidhiwa daluga zilizofungwa kamba.

Fanya hivi. Tafuta mechi nzima ya Uholanzi, ile ya tarehe 28 Juni. Anza na hiyo, sio ya Italia, kwa sababu humo goli lake ni penalti ya mwisho kabisa na kijana hatakuwa na cha kushangilia njiani. Kuna nafasi nzuri Vittek anaipata kipindi cha pili, kipa wa Uholanzi Stekelenburg anaiokoa. Hapo mrudishe nyuma nusu dakika, muulize: alikuwa wapi? Kwa nini alitoka pale? Beki alikuwa anaangalia nini? Mpe daftari achore mwenyewe. Akichoka dakika ya 40, simamisha, mkanywe maji, mrudi. Itakula jioni mbili, sio moja.

Na vile vipande kumi na viwili ulivyopakua, vifute leo, kabla ya Jumamosi.