Mjomba si "Ndugu Wengine": kwa wadogo zangu mnaoanza uwandani

Nimemaliza kupitia madodoso ya awamu ya kwanza kutoka Chanika, Msongola na Mbagala, na nataka niyaseme haya kabla hatujakutana Jumatatu. Nawapenda, mnajituma, mnatembea juani na kishikwambi mkononi bila kunung'unika. Lakini makosa mliyonayo ni yale yale ya wenzenu wa mwaka juzi, na ya waliowatangulia, na mengine ni yetu sisi wa enzi za karatasi. Kaya za Wazaramo, Waluguru, Wamwera, Wayao na Wamakonde, watu ambao kwa asili ukoo wao unapita kwa mama, mmezijaza kana kwamba zote zimetoka Kilimanjaro, ambako ukoo hupita kwa baba. Darasani mlilifaulu somo hili. Sasa lifaulieni barazani kwa watu.

1. Ukoo kupita kwa mama hakumaanishi kwamba wanawake ndio wanaotawala. Sentensi hiyo naiona kwenye ripoti tatu, ifuteni. Kinachopita kwa mama ni ukoo, na mara nyingi ardhi na cheo pia. Msimamizi kwa kawaida ni mwanamume, ila ni mwanamume wa upande wa mama, yaani mjomba. Kwa Wayao, kaka mkubwa ndiye mlezi wa dada zake na watoto wao. Kundi hilo huitwa mbumba, na heshima ya mwanamume huanzia hapo. Kwa Waasante wa Ghana, mfalme wao, Asantehene, hukalia kigoda kwa sababu ya mama aliyemzaa, na mama malkia ndiye hupendekeza jina la mrithi. Wairokwa wa Amerika Kaskazini wanakwenda mbali zaidi: akina mama wakuu wa koo ndio huteua machifu, na ndio huwavua wakikosea. Wakhasi wa Meghalaya, India, nyumba humwachia binti wa mwisho, naye hubeba mzigo wa kuwatunza wazazi, huku wajomba wakisikilizwa kwenye maamuzi makubwa. Hizo ni jamii nne zenye mipango minne. Ukiziweka zote kwenye sentensi moja umepoteza siku yako na ya mwenye nyumba aliyekupisha kiti.

2. "Mkuu wa kaya." Hapa nitakaa kidogo, maana ndipo nilipomuumiza mtu.

Nilikuwa mdadisi mpya, nimepangiwa pembezoni mwa jiji, upande wa Pugu. Bwana mmoja wa makamo akanikaribisha barazani, akanikatia dafu, akajibu kila swali kwa utulivu. Mkuu wa kaya nani? Mimi. Shamba hili la nani? Langu, akasema, akaninyooshea mkono: mnazi ule, na ule, na ile mikorosho kule bondeni, nimeipanda mwenyewe nilipokuja kuoa hapa. Nilipokuja kuoa hapa! Jibu lote alinipa pale, nami nilikuwa nimeshainama natafuta kisanduku cha "ardhi: anamiliki mwenyewe". Mkewe alikuwa anapepeta mchele hatua chache kutoka tulipokaa. Sikumuuliza chochote. Nilimwandika mstari wa pili, "mke", nikaaga.

Miezi ikapita, ukaja mkutano wa mrejesho kwenye ofisi ya serikali ya mtaa. Mimi nikapewa kusoma jedwali la umiliki wa ardhi. Majina hayakuwemo, ila namba za kaya na mahali zilikuwemo, na mtaani namba haimfichi mtu. Nilipofika kwenye kaya yake, mzee mmoja aliyekaa nyuma akasimama taratibu. Alikuwa kaka mkubwa wa yule mama, mwangalizi wa ardhi ya ukoo wao. Hakunitazama mimi. Alimgeukia yule bwana, akamuuliza mbele ya watu wote: "Shemeji, ardhi ya mama zetu imekuwa yako tangu lini?"

Siku hizo madalali walikuwa wanazunguka kutafuta viwanja, na koo zilikuwa zimeanza kupoteza mashamba kwa mtu mmoja tu kutia saini. Kwa hiyo swali lile halikuwa la utani. Bwana yule akajaribu kueleza kwamba alitaja minazi, hakutaja ardhi. Na alisema kweli: "langu" aliyoniambia ilikuwa ya miti aliyoninyooshea mkono. Pwani mti una mwenyewe na ardhi ina mwenyewe: mkwe anapanda, anavuna, anaweza kuuza miti yake, na ardhi inabaki kwa waliompa mke. Hayo nilikuwa nimeyasoma, nikayajibia hata mtihani. Lakini jedwali langu halikuwa na minazi. Lilikuwa na neno "anamiliki", nililolijaza kwa mkono wangu, na watu waliiamini karatasi kuliko mdomo wake. Akaondoka kabla mkutano haujafungwa.

Msimamizi wangu na mimi tulikwenda kwa yule mzee, kaka wa mke, tukaeleza, tukaomba radhi, tukarudi tena tukiwa na wazee wa mtaa. Jina la yule bwana kwa wakwe likasafika, lakini polepole mno. Msimu ule nazi zake ziliachwa zikaanguka zenyewe, kwa sababu kukwea mnazi kwenye ardhi ya watu wanaokutilia shaka ni kujitafutia maneno. Nilimpitia mara nyingi baada ya hapo. Alinipokea kwa adabu, ila barazani hakunikalisha tena.

Basi swali la ardhi liulizeni vipande vipande: nani analima, nani alipanda, nani anavuna, nani anaweza kuuza, na nani lazima aitwe kabla ya kuuza. Na mke aulizwe peke yake. Na matokeo ya ardhi hayasomwi kaya kwa kaya mbele ya mkutano, hata kama kiongozi wa mtaa anaomba.

3. Chora mchoro wa ukoo kabla ya kujaza jedwali la kaya, tena kwa penseli, na anza na bibi mzaa mama. Kwenye mchoro mwanamke ni duara na mwanamume ni pembetatu: duara la bibi likikaa juu ya ukurasa, pembetatu ya mjomba inapata nafasi. Ukianza na baba, mjomba anaishia nje ya mchoro, na ndiyo maana mnamtupa kwenye msimbo wa "ndugu wengine". Mmoja wenu kule Mbagala amemwandika "mgeni" mzee wa Kimakonde aliyekuja kusimamia mahari ya mpwa wake. Mgeni! Mtu ambaye bila yeye shughuli isingefungwa! Mdogo wangu, rudi ukamsalimie vizuri, halafu umwombe akueleze yeye mwenyewe ni nani pale.

4. Ukoo na makazi ni mambo mawili. Wayao, na Wachewa wa Malawi na Zambia, kwa desturi bwana harusi huhamia kwa akina mke. Kwenye visiwa vya Trobriand, Papua New Guinea, mke ndiye huhamia kwa mume, na kijana akikua ndipo huenda kijijini kwa mjomba wake, kwenye ardhi ya ukoo wake. Mwanaanthropolojia Malinowski aliishi nao kati ya 1915 na 1918 na aliliona hilo kwa karibu. Wamosuo wa kusini-magharibi mwa China mwanamume hulala kwa mwanamke usiku na asubuhi hurudi kwa mama yake. Na kwa Waasante, mume na mke wangeweza kuishi kila mmoja kwao, na jioni ungewaona watoto njiani wamebeba chakula kutoka jikoni kwa mama kwenda kwa baba. Sasa watoto wale ni wa kaya ipi? Kama dodoso lako linalazimisha jibu moja, andika maelezo pembeni.

5. Acheni kuuliza "ninyi ni Waislamu, mbona mnafuata ukoo wa mama?" Swali hilo linawaudhi wazee, na halina msingi. Waminangkabau wa Sumatra Magharibi, Indonesia, ndio jamii kubwa kuliko zote duniani za ukoo wa mama, na ni Waislamu. Wao wametenganisha mali: mashamba na nyumba kubwa za ukoo hupita kwa wanawake na hazigawanywi, wakati mali ya kuchuma mtu mwenyewe hugawiwa kwa mafungu ya mirathi ya Kiislamu. Jirani zetu Wangazija wa Komoro wana ardhi ya ukoo iitwayo manyahuli, nayo hupita kwa wanawake. Kwa hiyo kwenye sehemu ya mirathi kuna maswali mawili: mali ya ukoo inakwendaje, na mali ya kuchuma inakwendaje.

6. Baba msimfute. Mtoto wa Kizaramo au wa Kiluguru ana ukoo wa mama na ana mtala, yaani upande wa ukoo wa baba, na anaujua. Uliza vyote viwili.

7. Msiandike "mila hii inakufa" kwa sababu tu mzee amesema zamani mpwa ndiye alirithi. Sheria na soko vimeingia humu, na kila mahali kwa njia yake. Kwetu, kanuni za urithi wa kimila zilizotangazwa mwaka 1963 ziliandikwa kwa jamii za ukoo wa baba, na familia nyingi za ukoo wa mama zinapofika Mahakama ya Mwanzo hujikuta zinaeleza mambo ambayo hayamo kwenye maandishi. Ghana ilitunga sheria mwaka 1985 ili mjane na watoto wapate fungu pale marehemu asipoacha wosia, maana ukoo wake ulikuwa unaweza kuchukua kila kitu. Kerala, India, bunge la jimbo lilifuta mfumo wa familia ya pamoja mwaka 1975, na majumba ya koo za Wanayar, watu wa ukoo wa mama, ambayo tayari yalikuwa yanagawanyika, yakabaki na wanafamilia wenye hisa zao mkononi.

Na hapa Dar shinikizo kubwa ni kiwanja. Shamba la ukoo likipimwa, hati inataka jina. Hapo ndipo utajua nani bado anaitwa. Kwa hiyo mzee akikuambia mambo yamebadilika, muulize kipande cha mwisho kiliuzwa lini, nani walikaa kikao, hela iligawiwaje, na jina la nani liko kwenye karatasi. Kisha nenda kwa dada yake ukaulize hayo hayo.