Kabla hamjaandika "1916" chini ya picha

Wiki hii nimeyaona tena. Mdogo wetu mmoja katika kazi yetu ya kutafuta picha za zamani za filamu za kumbukumbu, hapa Berlin, kapata mkanda wa askari wanaokimbia vichakani, kaulaza chini ya sauti ya msimulizi, kaandika "Afrika Mashariki ya Wajerumani, 1916". Namuuliza picha kapiga nani, ananijibu: hifadhi ya nyaraka. Jamani! Tangu lini hifadhi ikashika kamera? Basi sikilizeni, wadogo zangu.

1. Taimukodi (saa, dakika, sekunde na fremu ya picha kwenye mkanda), namba ya mkanda na jina la mwenye haki, andikeni siku ile ile.

2. Bei ya haki ulizeni kabla ya kuhariri. Mwongozaji akishaipenda picha, hamtamtoa.

3. Mpigapicha alisimama wapi? Hapa nitachelewa kidogo, maana ndipo nilipoumbuka.

Tulikuwa na kipindi kuhusu vita vya Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani Afrika Mashariki katika Vita vya Kwanza vya Dunia, na picha za mapigano hatuna. Nikapata mkanda kwa muuzaji mmoja, kopo limeandikwa "Askari" tu. Ndani mna kila kitu: moshi, bunduki, vijana wanaijia kamera mbio. Mwongozaji alinikumbatia. Kipindi kikarushwa, nikawapigia simu hadi watu wa nyumbani kujisifu.

Ikaja barua ya mzee mmoja, mstaafu aliyewahi kuendesha mashine ya sinema. Picha zile, akaandika, zimetoka kwenye Die Reiter von Deutsch-Ostafrika, sinema ya kuigiza ya Herbert Selpin ya mwaka 1934. Hakutukana, na hilo ndilo lililoniuma zaidi. Aliuliza maswali mawili tu. Kama askari wanaijia kamera wakifyatua risasi, aliyeishika alikuwa upande wa nani, na aliponaje? Na mbona wanatembea vizuri hivyo? Kamera za enzi ile zilizungushwa kwa mkono, mara nyingi fremu (picha moja moja) 16 hadi 18 kwa sekunde. Ukizirusha kwa 25 za televisheni bila kurekebisha, watu wanadonoadonoa kama kuku. Hawa wangu walikimbia kama binadamu, kwa sababu sinema ya sauti hupigwa kwa fremu 24. Na mwendo ule niliuona! Nikadhani maabara wamefanya kazi nzuri.

Mimi ni mtoto wa Kariakoo, mtaa uliobeba jina la wapagazi wa vita hivyo hivyo. Walikufa kwa makumi ya maelfu, kwa njaa na maradhi kuliko kwa risasi, na katika kipindi changu hawakupata hata sekunde moja, kwa kuwa waigizaji wa 1934 walipendeza zaidi. Tulipohariri upya nililipia haki mara ya pili, na mwongozaji hakunikumbatia.

4. Picha halisi nayo inaweza kudanganya. Zile za geto la Warsaw, mtaa walikofungiwa Wayahudi huko Poland, za mwaka 1942 zilipigwa na Wanazi wenyewe, zikatumika miaka mingi kama ushahidi mtupu, mpaka mabaki ya mkanda yalipoibuka 1998 yakaonyesha tukio moja likirudiwa na kurudiwa mbele ya kamera.

5. Msilie kwamba hakuna picha. Kesi ya walinzi wa Majdanek, kambi ya mauaji ya Wanazi, ilisikilizwa Düsseldorf kuanzia 1975 hadi 1981, na sheria ya Ujerumani hairuhusu kamera kesi ikiendelea. Mwongozaji Eberhard Fechner akawahoji wahusika wa kesi nje ya mahakama, akaunganisha majibu yao kana kwamba wanabishana meza moja. Filamu yake ina urefu wa saa nne na nusu, vichwa vinavyoongea tu, na huwezi kuinuka.

6. Nasikia mnaishabikia filamu ya Kongo-Müller, mamluki Mjerumani aliyepigana Kongo. Nawaelewa: watengeneza filamu Heynowski na Scheumann wa Ujerumani Mashariki walimkalisha yule mamluki mbele ya kamera bila yeye kujua wametoka wapi, wakamnywesha, naye akaeleza vita vyake vya Kongo huku anacheka. Filamu ikatoka 1966, na bado inatisha. Ila ninyi leteni kwanza fomu ya ridhaa yenye saini ya mtu asiyelewa, na risiti za Pernod, pombe aliyonyweshwa, msinipelekee uhasibu.