Barua kwa mwanangu: Nguvu ya ishara na mkono unaoichora

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeipokea pamoja na sura mbili za mwanzo za riwaya yako, nami nimezisoma kwa furaha kubwa. Unaniuliza hivi: katika ulimwengu ulioubuni, ambamo uchawi wote hutendeka kwa ishara zinazochorwa, ni nini kitakachomzuia mtu yeyote kuinakili ishara aliyoiona ukutani, au mwenye mtambo wa kuchapa kutoa maelfu ya ishara za moto kwa usiku mmoja na kujitawaza juu ya wote? Umefanya vyema kuliuliza kabla hujasonga mbele, kwa sababu msomaji makini atalifikia mapema, na asipopata jibu hatakuamini tena katika jambo lolote.

Jibu jepesi, ambalo naona umeanza kuliegemea, ni kusema kwamba ishara huwatii watu wa ukoo fulani tu. Nakusihi uliache. Ukishaiweka nguvu katika damu, mchoro unabaki pambo, na wahusika wako wangeweza kupunga mikono hewani bila hadithi kupungukiwa na chochote. Kizuizi na kitoke katika kuchora kwenyewe.

Ningekuwa wewe, ningeamua kwamba nguvu imo katika tendo la kuchora: mkono unaanzia wapi, mkato upi, yaani mstari upi wa kalamu, unatangulia, kalamu inanyanyuliwa lini. Umbo linalobaki ni kama unyayo wa mtu aliyekwisha kupita. Kwa kanuni hiyo moja mtambo wa kuchapa unashindwa papo hapo, kwa kuwa hugandamiza umbo zima kwa mara moja, na mwizi aliyeiona ishara ukutani anajua sura yake bila kuijua njia yake. Hata hivyo, usimfungie kabisa. Waandishi wa Kichina hufundishwa mpangilio maalumu wa mikato kwa kila herufi, na mwenye jicho zoefu huweza kuufuata mwendo wa brashi katika wino uliokauka zamani, akiutambua kwa unene wa mstari na mahali wino ulipotuama. Msichana wa riwaya yako anaweza kuupata ujuzi huo kwa taabu, na adui yake vilevile.

Umesema una ishara za msingi 24, idadi ileile ya herufi za alfabeti ya kale zaidi ya runi, maandishi ya zamani ya Ulaya ya kaskazini. Ukiruhusu ziunganishwe mbili mbili kwa kufuata mpangilio, unapata miunganiko 576. Tatu tatu, 13,824. Ni lazima iliyo mingi iwe bubu, la sivyo kila mtoto mwenye kipande cha mkaa atakuwa hatari kwa mtaa mzima. Kwa mfano wa jinsi mipangilio michache tu inavyofaa, utazame mraba wa Kichina uitwao Lo Shu, ambamo tarakimu 1 hadi 9 zimepangwa ili kila mstari wa wima, wa mlalo na wa mshazari utoe jumla ya 15. Tarakimu hizo zinaweza kupangwa kwa njia 362,880, lakini njia 8 tu ndizo zinazotimiza sharti, na zote 8 ni mraba mmoja uliozungushwa au kugeuzwa kama unavyoonekana kwenye kioo. Hapo linazuka swali ambalo hukuniuliza: ishara iliyochorwa kwenye dirisha, ikitazamwa kutoka upande wa pili, ni ishara ileile? Liamue sasa, kwa maana katika sura ya kwanza umemweka mtu upande wa pili wa dirisha.

Mahali pa kuchorea nako kuna uzito wake. Runi zina mistari iliyonyooka na ya mshazari kwa sababu zilichongwa kwenye mbao, ambako mkato unaofuata nyuzi za mti hupotea. Huko Haiti, alama za dini ya Vodou ziitwazo veve huchorwa chini kwa unga, kisha hufutwa na miguu ya wachezaji ibada ikiendelea. Lakini wewe, katika sura ya pili, msichana anachora ishara ya kufungua mlango huku mvua ikinyesha, nawe umeandika tu kwamba aliichora. Nataka niione chaki ikilowa na kuteleza, mkato wa tatu ukikatika kwenye ufa wa ubao, naye akilazimika kuchagua: aliunganishe pengo na kuvuruga mpangilio, au aifute yote na kuanza upya ilhali walinzi wanapanda ngazi. Mandhari hiyo itamweleza msomaji kanuni zako vizuri zaidi kuliko kurasa mbili za maelezo.

Jambo ninalolipenda kuliko yote limetoka Misri ya kale. Katika Maandiko ya Piramidi, maneno ya mazishi yaliyochongwa ndani ya makaburi ya wafalme, ambayo ya kale zaidi yamo katika piramidi ya mfalme Unas huko Saqqara, ya karne ya 24 KK, baadhi ya hieroglifi, yaani herufi za picha, za wanyama na za watu zilichongwa zikiwa na viungo pungufu, na katika makaburi mengine nyoka na simba walikatwa vipande viwili, ili wasije wakamdhuru marehemu. Ulimwengu wako unaweza kuiazima hofu hiyo. Vitabu vyote vya mafunzo viwe na ishara zinazokosa mkato mmoja, nao mkato huo mwalimu aufundishe kwa mkono wake hewani, mbele ya mwanafunzi mmoja tu. Hivyo maktaba nzima inaweza kuibwa bila mwizi kupata kitu cha kutumia, na mwalimu mmoja akifa kabla ya kufundisha, ishara yake inakufa pamoja naye.

Kwa hiyo usiufute mtambo wa kuchapa. Mwache adui achape karatasi zake maelfu, azitandaze uwanjani mbele ya jeshi lake, na pasitokee hata cheche. Kisha aanze kuwatafuta walimu. Nitumie sura hiyo ukiimaliza, pamoja na ishara zote 24 ulizozichora kwa mkono wako, mikato ikiwa imewekewa namba.

Ni mimi mama yako akupendaye.