Ukihariri filamu ya ngoma, anza na masikio

Vijana wanaotaka kuingia kwenye kazi hii, hapa Mtwara na hata Lindi, karibu wote huniuliza kwanza kuhusu programu na kompyuta. Mimi huwauliza kama wameshausikiliza wimbo mzima bila kutazama picha. Kwenye filamu za muziki kazi inaanzia hapo. Natafuta rekodi moja ya sauti iliyokamilika, naitandika kwenye taimlaini, ule mstari wa programu unaopangia picha na sauti, kisha picha zote zinaifuata hiyo.

Kwenye ngoma nyingi za huku kiongozi anaanzisha, wenzake wanaitikia, na mdundo unapanda kidogo kidogo. Ukikata katikati ya kiitikio ili wimbo utoshe dakika tatu, mtazamaji wa mbali huenda asigundue, lakini bibi wa Newala ataguna papo hapo. Ikibidi kupunguza, ondoa mzunguko mzima, tangu kiongozi anapotoa sauti hadi waitikiaji wanapomaliza. Wala usibadilishe picha kwa kila pigo. Acha mcheza sindimba amalize kuzungusha kiuno, acha tuone mpigaji anavyomtazama miguuni kabla ya kubadili mdundo. Mazungumzo hayo ya macho kati yao ndiyo filamu yenyewe, na ndiyo yanayokatwa ovyo kuliko kitu kingine chochote.

Halafu kuna sauti kuachana na picha. Sauti husafiri karibu mita 340 kwa sekunde. Ukipiga picha kwa fremu 25, yaani picha moja moja 25, kwa sekunde, kamera iliyo mita 14 hivi kutoka kwenye ngoma inapokea sauti ikiwa imechelewa fremu nzima. Ndiyo maana ukiiachia programu ilinganishe sauti ya kamera na ile ya maikrofoni iliyokuwa karibu na ngoma, bado mkono utatangulia mlio. Sogeza sauti mwenyewe, ukitazama kiganja kinapogusa ngozi. Na vifaa vyote virekodi sauti kwa kiwango kimoja cha sampuli, kilohezi 48, tangu mwanzo.

Mapiko, ile ngoma ya vinyago, yanahitaji adabu zaidi. Aliye ndani ya kinyago hatakiwi kujulikana, kwa hiyo picha za akijifunga nguo au akivua kinyago ziondoe hata kama ni nzuri kuliko zote ulizonazo. Unyago na jando nao wana ya hadharani na ya ndani. Ukiwa na shaka, waulize wazee kabla ya kukata, usingoje filamu iishe.

Makubaliano ya matumizi na malipo yaandikwe kabla kamera haijawashwa. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inawalinda pia wasanii wanaotumbuiza. Rasimu ya kwanza kaitazame pamoja na kikundi. Watakuonyesha pale ulipoweka sauti ya ngoma moja juu ya picha ya nyingine. Mkimaliza, waachie pia rekodi nzima ya sauti, ambayo haijakatwa, kwenye kadi ya kumbukumbu ya simu ili waweze kuisikiliza wenyewe.