Mugumo na chemchemi

Umeuliza kama sharti la ulimwengu wa kubuni wa hadithi yako, kwamba ukikata mti mtakatifu chemchemi inakauka, ni uchawi mtupu. Hapana, si uchawi mtupu. Wakikuyu wa Kenya waliushika mugumo, aina ya mtini, hivyo hivyo: haukatwi, hauchomwi. Mwanamazingira Wangari Maathai ameeleza sababu katika kitabu chake Unbowed (2006): mizizi hupenya mwamba hadi kwenye maji ya chini, maji yakapanda kuifuata, na udongo wa mteremko ukashikika. Hata Nairobi, mugumo ulio kando ya barabara ya Waiyaki Way uliachwa mwaka 2020 barabara ya juu ikijengwa.

Lakini usiandike "mti wowote". Mkaratusi ukiupanda kando ya chemchemi ndio utakaoinywa.

Na kama unatafuta adui wa maana, asije na shoka, hiyo imechosha. Amalize nyigu. Ua la mugumo limejificha ndani ya tunda, na anayeingia kulichavusha ni nyigu wa milimita 2 hivi, tena kwa kawaida kila aina ya mti na nyigu wake. Wakiisha, mti unabaki kijani miaka mingi huku tini zikidondoka bila mbegu, na ndege wanahama kabla ya mtu yeyote kushtuka.