Kodi za gita na kodi ya nyumba

Tangu nimtaje hapa Grant Green, yule mpiga gita wa jazi na fanki wa Marekani, maswali yamekuwa mvua ya masika. Nimechagua machache. Waliouliza kama ni ndugu yake Al Green, yule mwimbaji wa soul, hapana, nendeni salama.

Maalim, ninunue pedali gani nipate sauti kama yake? (Maweni, Malindi)

Hakuna. Hii ni mara ya nne naulizwa, ya tano sijibu. Green miaka mingi alipiga gita la Gibson ES-330, akaichomeka kwenye amplifaya, basi. George Benson, mpiga gita mwenzake, amesimulia kuwa jamaa alikuwa akizima besi na trebo, akipandisha sauti ya kati mpaka mwisho. Vitufe hivyo unavyo, vizungushe. Hela ya pedali mpe fundi akunyooshee shingo ya gita lako, maana najua imepinda.

Alizaliwa lini?

6 Juni 1935, St. Louis, Missouri. Ukikuta 1931 mahali, ipite.

Nasikia hakujua kodi. Ni kweli? (Langoni, Lamu)

Kodi, yaani noti kadhaa zikipigwa kwa pamoja, alizijua, ila hakuwa na haja nazo sana. Sikio lake lilikuwa kwa Charlie Parker, mpiga saksafoni, na saksafoni haipigi kodi: inatoa noti moja, ya pili, kisha mtu avute pumzi. Sikiliza sahani yake, Grant's First Stand ya 1961. Watu watatu tu: gita, dramu na kinanda cha ogani. Baby Face Willette kwenye ogani kabeba kodi, kabeba na besi. Green ajaze nini hapo?

Na wewe mtu wa Lamu ndiye wa kuniuliza hili? Zein l'Abdin, mpiga udi wa kwenu huyo, ulimsikia lini akiukwaruza udi wote kwa mpigo mmoja kila mwimbaji akifungua kinywa? Risha ilikwenda noti kwa noti, na sauti ya mtu ikapata pa kupita.

Juzi kwenye harusi hapa mjini kijana wetu wa gita alikuwa na kodi kwa kila silabi ya bi mwimbaji. Nikamsogelea, nikamwambia: toa vidole vitatu, bakisha kimoja. Alinuna mpaka biriani ikaletwa. Lakini wimbo uliofuata kina mama waliinuka kwenda kutunza, na noti za mia mbili zilimwangukia yeye pia.

Sahani ya Green iitwayo Idle Moments, Novemba 1963, ndiyo darasa. Wimbo wenye jina hilo, mtunzi Duke Pearson, ulipangwa uwe mfupi. Wenzake hawakuelewana raundi ina urefu gani, kila mtu akapiga mara mbili ya alivyotakiwa, ukafika karibu dakika 15. Ikabidi nyimbo nyingine zirekodiwe upya kwa ufupi ili sahani itoshe. Dakika zote hizo Green hakimbii hata mara moja. Vijana wetu ukiwapa dakika 15 wanamaliza noti zote za dunia katika mbili za mwanzo.

Alipoingia fanki 1969 hakujiuza? (Watamu)

Dada, wewe unakaa Watamu, hujaona bendi ya hoteli ikiwaimbia wageni wimbo uleule mara tatu usiku mmoja? Wale wana kodi ya nyumba, na Green alikuwa nayo, na watoto juu. Kati ya 1961 na 1965 alipigia rekodi nyingi za kampuni ya Blue Note, zake na za wenzake, na bado hakutajirika. Halafu fanki yenyewe ina kosa gani? Weka sahani yake Alive!, iliyorekodiwa ukumbini Newark Agosti 1970, Idris Muhammad akiwa kwenye dramu. Noti ni zilezile chache, ila chini yake pamewaka. Mwaka 1991 kundi la hip hop la A Tribe Called Quest walichota humo kipande wakakitia kwenye wimbo wao, na leo wajukuu wanaicheza bila kumjua mwenyewe.

Dawa za kulevya je?

Heroini, ndiyo. Kuelekea mwisho wa miaka ya 60 ilimpoteza studio. Mwaka 1978 akalazwa hospitali muda mrefu, akaambiwa apumzike. Akaenda California kupiga kwa sababu ya pesa, akarudi New York kupiga kwenye klabu ya Benson, moyo ukasimama akiwa garini, 31 Januari 1979. Miaka 43.

Msiniambie unga ndio ulimpa ile sauti. Nimeshika jeneza la mpiga besi wangu, nikashika la mpiga tumba, wote kwa unga, na hakuna aliyepiga vizuri zaidi akiwa amesinzia jukwaani. Wa kwanza alikuwa akinikopa nyuzi akaziuze.

Nyuzi zangu zinaota kutu ndani ya wiki mbili, tatizo ni kampuni? (Shela)

Tatizo ni bahari, bwana. Futa kwa kitambaa kikavu kila ukimaliza kupiga, uzi mmoja mmoja, na gita usilitundike barazani.